Elsa Martinelli, "Mama Tembo" wa filamu ya Hatari!: alitoka wapi, akafanya nini, akaishia wapi

 

Leo naomba nimalize ubishi. Siku chache zilizopita nilikuwa kafe, jamaa wa kompyuta ya pembeni kafungua kipande cha ile filamu ya zamani ya Hatari!, pale dada wa kizungu anapokwenda mtoni na vitoto vya tembo vinamfuata nyuma kwa mstari. Watu wakajaa nyuma ya kiti chake. Mmoja akasema yule dada ni Mmarekani. Mwingine akasema filamu ilipigwa Kenya. Wa tatu akaapa kabisa kwamba alipata Oscar. Wote watatu wamekosea, na nusu saa niliyolipia ikaishia kwenye kubishana. Nikasema basi, ngoja niandike kitu kimoja kilichokamilika, kila anayeuliza nimwelekeze hapa.

KWA UFUPI (kwa wenye dakika chache)

Jina la kazi: Elsa Martinelli. Jina la kuzaliwa: Elisa Tia.
Kuzaliwa: 30 Januari 1935, Grosseto, Italia.
Kufariki: 8 Julai 2017, Roma, akiwa na miaka 82.
Kazi: mwanamitindo, kisha mwigizaji.
Tuzo kubwa: Dubu wa Fedha wa mwigizaji bora wa kike, tamasha la filamu la Berlin, 1956.
Kilichomleta kwetu: filamu ya Hatari!, iliyopigwa Tanganyika kati ya mwisho wa 1960 na mwanzo wa 1961, ikatoka 1962.

Mwenye haraka aishie hapo. Mwenye muda twende pamoja.

NILIVYOMFAHAMU

Mimi yule dada nilimwona mara ya kwanza kwenye kibanda umiza, hapa hapa mjini. Waliokulia kwenye mabanda wanajua: benchi la mbao, turubai madirishani, runinga moja na watu sitini. Kiingereza tulikuwa hatukijui. Mwenye banda ndiye aliyekuwa anatufasiria kwa sauti, na pale alipokuwa haelewi alikuwa anatunga. Huyo dada alimpa jina la Mama Tembo, na hapo hakutunga, maana ndani ya filamu yenyewe wenyeji wanamwita hivyo hivyo, kwa Kiswahili.

Baadaye nilikuja kusoma kwamba zamani filamu zote duniani zilikuwa bubu. Hapakuwa na sauti mpaka miaka ya mwisho ya 1920. Kule Japan walikuwepo watu wa kazi maalumu, wanaitwa benshi, wanasimama pembeni ya kitambaa na kusimulia kinachotokea. Baadhi yao walikuwa na majina makubwa kuliko waigizaji. Nikacheka sana. Kumbe mwenye banda letu alikuwa benshi wa Sumbawanga! Na Lufufu, aliyevuma kwa kufasiri mikanda ya video, naye alikuwa kwenye ukoo huo huo.

Ndiyo maana nasema sisi tuliolelewa na mabanda tunaijua sinema bubu kuliko tunavyodhani. Tulikuwa tunasoma uso, mikono na mwendo. Na yule Mama Tembo alikuwa anasomeka vizuri sana.

ITALIA NA MABINTI WAKE WA SINEMA

Huwezi kumweleza Martinelli bila kuwagusa dada zake wakubwa. Italia ni kati ya nchi za kwanza kuwafanya waigizaji wa kike kuwa nyota wa kweli. Neno "diva" tunalolitumia leo kwa waimbaji wa kike ni la Kiitaliano, na kwenye sinema lilipata nguvu huko miaka ya 1910, enzi za filamu bubu.

Mkubwa kuliko wote alikuwa Francesca Bertini, aliyezaliwa 1892. Filamu yake maarufu ni Assunta Spina ya mwaka 1915, anaigiza dobi wa mji wa Napoli anayeponzwa na wivu wa mchumba wake. Ilipigwa nje mitaani, penye watu na jua halisi, wakati wengi walikuwa bado wanapiga ndani ya kuta za karatasi. Muongozaji aliyeandikwa ni Gustavo Serena, ambaye pia aliigiza humo. Lakini Bertini mpaka uzeeni alisema kazi kubwa ya kuiongoza aliifanya yeye, na Serena mwenyewe alikuja kukiri mchango wake. Mwaka 1921 aliolewa na tajiri wa benki wa Uswisi, akapunguza kazi sana. Akafariki Roma mwaka 1985, zaidi ya miaka 60 baada ya enzi yake kupita.

Kumbukeni hiyo habari ya jina kuandikwa au kutoandikwa. Nitairudia mwishoni.

Martinelli hakuwa wa sinema bubu, alizaliwa sauti ikiwa imeshaingia. Ila kuna uzi unaomfunga nao. Muongozaji wa Hatari!, Howard Hawks, ni mtu aliyeanzia kwenye filamu bubu. Filamu yake ya kwanza kuiongoza ilitoka 1926, haina sauti. Alipofika Tanganyika alikuwa na miaka 64, na sehemu nzuri za Hatari! kazipiga kama mtu wa enzi zile: gari, vumbi, faru, hakuna maneno. Ndiyo sababu filamu ilitembea vizuri kwenye banda letu bila sisi kujua Kiingereza.

KUTOKA FAMILIA YA KAWAIDA HADI JALADA LA GAZETI

Elisa Tia alitoka familia ya watu wa kawaida yenye watoto wengi, wakahamia Roma. Akafanya kazi ya kuhudumia baa. Mwaka 1953 mbunifu wa mavazi Roberto Capucci akamwona, akamwingiza kwenye uanamitindo. Mrefu, mwembamba, uso wa paka. Picha zake zikaanza kusafiri mpaka Marekani.

Hapo ndipo Kirk Douglas alipomwona, kwenye jalada la gazeti. Douglas alikuwa nyota mkubwa aliyekuwa ameanzisha kampuni yake ya filamu, akampa nafasi kwenye The Indian Fighter ya 1955. Binti wa miaka 20, Kiingereza cha kubabaisha, filamu ya kwanza ya Marekani anamwigizia mpenzi Kirk Douglas mwenyewe. Si mchezo.

Watu wangeweza kusema ni uzuri tu. Lakini mwaka uliofuata, 1956, akapata Dubu wa Fedha Berlin kwa filamu ya Kiitaliano, Donatella, ya Mario Monicelli. Hiyo ni tuzo ya uigizaji, haitolewi kwa sura. Akaendelea: Manuela (1957) Uingereza, La notte brava (1959) Italia, na filamu ya wanyonya damu ya Roger Vadim Ufaransa mwaka 1960. Ndani ya miaka mitano kafanya kazi nchi nne.

Katikati ya hayo aliolewa na kabaila mmoja wa Italia, na mwaka 1958 akapata binti, Cristiana, ambaye naye baadaye aliigiza. Yaani alipokuja kwetu alikuwa ni mama wa mtoto mdogo, siyo kigoli kama tulivyodhani pale bandani.

HATARI! NDANI YA TANGANYIKA

Sasa tufike nyumbani.

Hawks na watu wake walifika mwishoni mwa 1960. Angalieni tarehe vizuri. Nyerere alikuwa Waziri Kiongozi tangu Septemba ya mwaka huo, bendera ya Mwingereza bado iko juu. Upigaji wa picha huku ukaisha mwanzoni mwa 1961. Uhuru ukaja tarehe 9 Desemba 1961, na filamu ikaonyeshwa 1962. Kwa hiyo ilipigwa chini ya utawala wa Mwingereza, ikatazamwa kwenye nchi huru. Neno "Tanzania" halikuwepo kabisa, hilo lilikuja 1964 baada ya Muungano. Anayesema Hatari! ilipigwa "Tanzania ya zamani" aelewe anasema Tanganyika.

Sehemu kubwa ni Arusha na maeneo yake: Momella chini ya Mlima Meru, Ngorongoro, Manyara. Mwishoni mwa filamu vitoto vya tembo vinakimbia mitaa ya mji wa Arusha vikimtafuta Mama Tembo, mpaka ndani ya hoteli.

Hadithi yenyewe ni nyepesi. Kuna kundi la watu wanaokamata wanyama wakiwa hai na kuwauza kwa mabustani ya wanyama ya ulaya na Marekani. Kiongozi ni Sean Mercer, anaigizwa na John Wayne. Anakuja mpiga picha, Anna Maria D'Alessandro, kwa kifupi Dallas, ndiye Martinelli. Wanaume walitegemea mwanamume, kafika mwanamke. Anapata yatima wa kwanza wa tembo baada ya mama yake kuuawa kwa risasi, wanaume wanataka kumwacha, yeye anakataa katakata. Anaishia kulea watatu.

Kundi la waigizaji lilikuwa kama mkutano wa mataifa: Hardy Krüger Mjerumani, Gérard Blain na Michèle Girardon Wafaransa, Martinelli Mwitaliano, na Wamarekani kina Wayne, Red Buttons na Bruce Cabot.

Jambo linalowashangaza wengi: Hawks hakuja na skripti iliyokamilika. Huwezi kumwandikia faru afanye nini. Walikuwa wanatoka, wanakamata, halafu hadithi inafuata kilichopatikana. Na waigizaji wenyewe ndio waliokuwa kwenye magari. Wayne, mtu wa miaka 53, alikaa kwenye kile kiti kilichofungwa mbele ya gari akiwa na mti mrefu wenye kitanzi. Mtaalamu wa ukamataji aliyewaelekeza alikuwa Willy de Beer.

Martinelli alitimiza miaka 26 tarehe 30 Januari 1961, kazi ikiendelea. Sehemu yake ilikuwa ni vitoto vya tembo na yule duma anayemkuta bafuni. Ukitazama tena zile picha za kuogesha tembo, angalia mikono yake. Mwanamitindo wa kawaida angeshika kwa vidole viwili. Yule anasukuma, anavuta sikio, anapigwa na mkonga anaendelea. Vitoto vinamfuata kwa sababu vimemzoea, hiyo huwezi kuigiza.

Muziki wa pale unaitwa Baby Elephant Walk, wa Henry Mancini. Nina uhakika umeshausikia hata kama jina hulijui, umetumika kwenye vichekesho kibao. Ulipata tuzo ya Grammy kwa upangaji wa ala.

AMBACHO FILAMU HAIKUSEMA

Hapa naomba nisimame kidogo, maana mimi ni mtu wa Rukwa, na tembo kwetu siyo wa kwenye runinga. Ukitoka Sumbawanga ukapita Namanyere kuelekea Mpanda unaingia Hifadhi ya Katavi, iliyotangazwa kuwa hifadhi ya taifa mwaka 1974. Waulize wanaolima karibu na wanyama. Tembo kwao ni madebe ya kupiga usiku na shamba lililolala chini asubuhi. Hakuna anayewaogesha.

Kwa hiyo mambo mawili msidanganyike.

La kwanza, ule ukamataji wa kukimbiza kwa gari. Mnyama akikimbizwa muda mrefu misuli yake huharibika, anaweza kufa siku chache baadaye bila hata jeraha. Siku hizi wataalamu hutumia bunduki ya sindano ya usingizi na kupunguza mbio kadiri inavyowezekana. Na wale faru weusi mnaowaona wanakimbia huru kwenye filamu, miaka ya 1970 na 1980 majangili waliwamaliza karibu wote nchini. Filamu iliyotengenezwa kwa burudani leo ni kama albamu ya marehemu.

La pili, maziwa. Kwenye filamu wanampa mtoto wa tembo maziwa ya mbuzi, mambo yanakwenda. Kwenye maisha halisi haikuwa rahisi hivyo. Daphne Sheldrick wa Kenya alihangaika miaka mingi, watoto wa tembo wanamfia mikononi, kwa sababu mafuta ya maziwa ya ng'ombe hawayawezi. Alifanikiwa kwa mchanganyiko wa maziwa ya unga ya watoto yenye mafuta ya nazi. Mama Tembo wa kweli alikuwa yeye, akafariki 2018, mwaka mmoja baada ya Martinelli.

BAADA YA HATARI!

Wengi wanadhani aliishia hapo. Hapana. Mwaka huo huo wa 1962 alitokea kwenye The Trial ya Orson Welles. Mwaka 1963 akafanya Rampage na Robert Mitchum, tena filamu ya kukamata wanyama, nadhani walimwona kazoea. Akawemo kwenye The V.I.P.s pamoja na Elizabeth Taylor na Richard Burton. Mwaka 1965 akafanya The 10th Victim na Marcello Mastroianni, hadithi ya dunia ambayo watu wanawindana kisheria huku wakitazamwa na umma. Waliokuja kuona filamu za aina hiyo miaka ya 2000 wajue Waitaliano walishaifanya zamani.

Mwaka 1968 aliolewa mara ya pili, na mpiga picha Willy Rizzo wa Paris. Cheki hiyo: aliyeigiza mpiga picha kaolewa na mpiga picha. Miaka ya 1970 nafasi zikapungua. Akafanya runinga, akatokea kwa nadra. Mwaka 1995 akatoa kitabu cha maisha yake, Sono come sono, maana yake "Niko kama nilivyo".

Hakupata Oscar. Hatari! ilitajwa kugombea Oscar moja tu, ya upigaji picha, kazi ya Russell Harlan, nayo haikushinda.

Mwenzake Hardy Krüger ndiye aliyenasa kwetu. Alipenda Momella mpaka akanunua shamba, akajenga na nyumba ya wageni, akaishi huko miaka kadhaa. Mpaka leo kuna loji pale inayoitwa kwa jina la filamu. Krüger alifariki Januari 2022.

KWA NINI NIMEANDIKA YOTE HAYA

Siyo kwa ajili ya wazungu tu.

Nilijua jina la Elsa Martinelli mwaka 2017, siku habari za kifo chake zilipotoka. Miaka yote kabla ya hapo alikuwa "yule dada". Nikatafuta, na ndani ya dakika kumi nikawa na kila kitu: alikozaliwa, filamu zake, mume wa kwanza, mume wa pili. Kisha nikarudi kuitazama Hatari! na safari hii macho yangu yakaenda kwa wengine. Kuna wanaoshika kamba faru anapoangushwa. Kuna wanaopanda kwenye magari, wanaofunga vizimba, wanaocheza ngoma Dallas anapopewa jina la Mama Tembo. Wako karibu na pembe kuliko Wayne. Wachache sana kati yao wanapewa sentensi ya kusema.

Nikawatafuta hao pia. Dakika kumi zikaisha, saa ikaisha, salio la kafe likaisha.

Bertini wa filamu bubu alipigania jina lake miaka 60, na alikuwa na waandishi wa kumsikiliza. Hawa wetu nani kawauliza? Kijana wa miaka 20 aliyeshika ile kamba mwaka 1960, kama yupo, sasa ana zaidi ya 80. Hana miaka mingi ya kusubiri.

Kwa hiyo mdau uliyeko Arusha, Usa River, Ngarenanyuki, Karatu au Mto wa Mbu: kama babu yako aliwahi kukwambia "mimi nilifanya kazi na John Wayne" ukamcheka ukidhani ni chai, rudi ukamwombe radhi. Kisha kaa naye. Muulize alifanya nini, alilipwa kiasi gani, nani alikuwa naye, nani aliumia. Andika majina. Rekodi kwa simu kama unayo. Na ukiwa na picha, muulize nani ni nani, andika nyuma kwa kalamu.

Na wale mnaotaka kuigiza, maana najua mpo wengi hapa Sumbawanga, mnajirekodi kwa simu kule Mbizi na kwenye maporomoko ya Kalambo: filamu ikiisha, wekeni majina ya wote. Aliyebeba taa, aliyepika, aliyeazima pikipiki. Haigharimu kitu. Miaka 60 ijayo mjukuu wa mtu atasimamisha pale pale na kusema huyu hapa, babu yangu.

Mwenye nyongeza au masahihisho aweke hapo chini, ila bila matusi. Na yule jamaa wa Oscar, bado unanidai nusu saa au nakudai mimi?

Naomba kuwasilisha.